Makabaila wa Uingereza nao walikuwa na washenga

Mhariri,

Kila mjadala wa posa unapozuka hapa Mtwara, hakosi mtu wa kusema kwamba mshenga, barua ya posa na fedha inayofungwa ndani yake ni mambo ya kizamani, eti makabaila wa Uingereza walipendana kwa kuandikiana barua wawili tu, bila wazee kuingilia. Naomba nafasi nilisahihishe, maana si kweli, na vijana wanalishika.

Mtazameni Lady Mary Pierrepont, binti wa Marquess (cheo cha juu cha kikabaila) wa Dorchester. Alianza kwa kuandikiana na Anne Wortley, dada wa Edward Wortley Montagu, na majibu mengi ya Anne yaliandaliwa na kaka mtu. Huyo dada ni nani kama si mshenga? Posa ilipofika kwa baba, ilikwama kwenye mali: mzee alitaka shamba na nyumba za Edward zifungwe kisheria kwa mtoto wa kwanza wa kiume, Edward akakataa katakata. Mzee akamtafutia binti mchumba mwingine. Barua za mwisho za Lady Mary na Edward kabla ya kutoroka pamoja, Agosti 1712, zimejaa hesabu kuliko mahaba. Lady Mary anamtahadharisha kwamba atamjia na nguo za kulalia tu, asitegemee fungu lolote kutoka kwa baba.

Barua yenyewe nayo haikuwa na faragha tunayoidhania. Kabla ya 1840 gharama ya posta ilihesabiwa kwa umbali na idadi ya karatasi, na kwa kawaida aliyelipa ni mpokeaji. Bahasha ilihesabiwa kama karatasi ya pili, kwa hiyo watu waliiacha. Waliikunja karatasi ileile, anwani ikaandikwa kwa nje, mkunjo ukafungwa kwa lakiri, yaani nta ya kufungia barua, na kugongwa muhuri wa pete. Mwandishi makini aliacha sehemu tupu pale lakiri itakapoangukia, kwa sababu mpokeaji akifungua, karatasi huchanika hapohapo na maneno yaliyo chini yake hupotea. Nafasi ikiisha, aliigeuza karatasi upande na kuandika mistari mingine juu ya ile ya kwanza, ikikatizana nayo. Kuisoma kulitaka macho na subira!

Makabaila wenye viti bungeni walikuwa na haki ya kupeleka barua bure kwa kutia saini nje. Ila tangu 1784 sheria ilimtaka mwenye haki hiyo aandike anwani yote na tarehe kwa mkono wake mwenyewe. Binti aliyetaka barua yake ipite bure ilibidi amwombe baba au mjomba aiandikie anwani, na hapo mzee akajua inakwenda kwa nani.

Na bado, desturi ya karne ya 18 na 19 haikumruhusu binti wa familia hizo kuandikiana na mwanamume asiye ndugu yake kabla ya uchumba. Wakijulikana wanaandikiana, watu walihesabu kwamba wameshachumbiana. Uchumba ukivunjika, kila mmoja alirudishiwa barua zake. Asiyerudisha alikuwa na ushahidi mkononi, kwani mahakama za huko zilipokea kesi za kuvunja ahadi ya ndoa, na barua ndizo zilizosomwa mbele ya hakimu.

Waingereza walifuta kesi hizo kwa sheria ya 1970. Sisi, Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 69, bado inaruhusu kudai fidia kwa ahadi ya ndoa iliyovunjwa, na kifungu cha 71 kinaruhusu kudai zawadi zilizotolewa kwa sharti kwamba ndoa itafungwa. Kwa hiyo wazee wanaopokea barua ya posa waitunze pamoja na nakala ya majibu, na washenga wahakikishe ina tarehe, majina kamili ya pande zote mbili na orodha ya kilichotolewa siku hiyo.

Msomaji wenu,
Chikongola, Mtwara