Kei Fujiwara hakuwa mwigizaji tu

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu ya barua nieleze jambo ambalo waandishi wengi wa habari za filamu hulipita wanapoizungumzia sinema huru ya Japani. Filamu ya Tetsuo: The Iron Man, iliyotoka mwaka 1989, husifiwa kana kwamba ni kazi ya mwongozaji wake, Shinya Tsukamoto, peke yake, naye Kei Fujiwara hutajwa kwa ufupi kuwa ndiye aliyeigiza mpenzi wa mhusika mkuu. Sifa za Tsukamoto ni za haki, wala sikusudii kuzipunguza. Ninachokipinga ni kumwona Fujiwara kama sura iliyopita mbele ya kamera, ilhali kamera hiyohiyo naye aliishika.

Upigaji picha wa filamu hiyo unatambuliwa rasmi kuwa ni kazi ya wote wawili. Ilipigwa kwa mkanda wa milimita 16, kwa rangi nyeusi na nyeupe na kwa fedha kidogo, na sehemu kubwa yake ilipigwa katika nyumba aliyokuwa akiishi Fujiwara mwenyewe. Mtu aliyetoa mwili wake, makazi yake na jicho lake kwa ajili ya kazi moja hastahili kutajwa kwa nusu sentensi.

Mazoea hayo ya kufanya kila kazi yana asili yake jukwaani. Fujiwara, mzaliwa wa Kumamoto, alipitia mikononi mwa Juro Kara, mwandishi na mwongozaji wa tamthilia, ambaye mwaka 1967 alisimamisha hema jekundu katika uwanja wa hekalu la Hanazono, Shinjuku, jijini Tokyo, akaonyesha humo tamthilia ambazo mwili wa mwigizaji, jasho lake na sauti yake vilibeba uzito uleule wa maneno. Baadaye Fujiwara alijiunga na kikundi cha maigizo cha Tsukamoto, na hadithi waliyoicheza jukwaani ndiyo waliyoigeuza filamu ya milimita 8 kabla ya Tetsuo.

Mwaka 1996 aliandika na kuongoza filamu yake, Organ, inayohusu genge linaloiba viungo vya binadamu, akaigiza humo kiongozi wa genge mwenye jicho moja. Ni filamu ngumu kuitazama, na nakiri kwamba kisa chake kimejaa vurugu kiasi cha kumpoteza mtazamaji. Lakini namna inavyoutazama mwili unaooza, bila haraka na bila kuupamba, naiona kuwa ni ya msanii aliyefunzwa na jukwaa la hema. Mwaka 2005 alirudi na filamu nyingine, Id.

Kwa hiyo naliomba gazeti lako, litakapoandika tena juu ya filamu hizi, limtaje Fujiwara kwa kazi zake zote: mpigapicha, mwandishi, mwongozaji na mwigizaji.

Wako mtiifu,
Mpenzi wa filamu