Barua kwa mwanangu: mabao ya daraja la chini

Salim mwanangu,

Salaam aleikum. Sisi hatujambo, mama yako anakusalimu sana. Uliyoyasema Jumapili sikutaka kuyajibu kwa simu, maana kwenye simu tunaishia kubishana na mama yako anaondoka chumbani. Ndiyo nikaona nikuandikie.

Umesema huko uliko si mpira, ni matope na viwiko. Umesema bao la daraja la nne ni bao la nani. Na kwamba kuna wakala kakuletea karatasi, unataka kusaini uondoke.

Tuanze na hilo la bao. Wakiwa kwenye basi la timu, waulize wenzako ni nani kafunga mabao mengi kuliko wote katika historia ya ligi ya Uingereza, madaraja yote yakijumlishwa. Vijana watakwambia Shearer. Kocha wako labda atasema Jimmy Greaves, na mwenye kuijua historia atamtaja Dixie Dean wa Everton. Wote wamekosa. Ni Arthur Rowley, mzaliwa wa mji huu huu tunaokaa, Wolverhampton, mwaka 1926. Mechi za ligi 619, mabao 434. Dean alikomea 379, Greaves 357.

Hulijui jina hilo, na si ajabu. Daraja la kwanza Rowley alilicheza misimu michache tu. Timu ya taifa ya wakubwa hawakumwita hata mara moja. Kaka yake Jack ndiye aliyekuwa Manchester United na akavaa jezi ya England. Arthur alianzia West Bromwich Albion, akafunga mabao manne tu katika mechi 24. Wewe ungekuwa umeshanipigia simu ukilia! Akaenda Fulham, mabao 27. Kisha mwaka 1950 akahamia Leicester City, iliyokuwa daraja la pili, na hapo mguu wake wa kushoto ukafunguka: mabao 251 katika mechi 303. Msimu wa 1956/57 peke yake alipiga 44, Leicester wakabeba ubingwa wa daraja la pili.

Hakuwa na mbio wala madoido, na mwili ulikuwa mzito. Walimwita "Gunner" kwa ukali wa mashuti yake.

Ninachokipenda zaidi ni alichokifanya mwaka 1958. Ana miaka 32, umri ambao wengi walikuwa wanastaafu na kutafuta duka la kuuza magazeti, akashuka hadi Shrewsbury Town awe kocha-mchezaji. Mwaka huo ligi ndiyo kwanza inapangwa upya: zamani daraja la tatu liligawanywa kaskazini na kusini, sasa likaundwa la tatu na la nne kwa nchi nzima. Shrewsbury, waliokuwa wameingia kwenye ligi mwaka 1950 tu, wakaangukia la nne. Rowley akafunga mabao 38 msimu ule wa kwanza, wakapanda. Mwaka 1961, akiwa daraja la tatu, akampita Dean. Alipostaafu mwaka 1965 alikuwa ameifungia Shrewsbury mabao 152.

Na uwanja wenyewe sasa! Gay Meadow ulikuwa ukingoni mwa mto Severn. Mpira ukipigwa juu ya jukwaa unatumbukia mtoni, na kulikuwa na mtu, Fred Davies, kazi yake kuufuata kwa kidau cha duara. Unanilalamikia vyumba vya kubadilishia nguo.

Usidhani lakini nakwambia zamani kulikuwa kuzuri. Watu walijaa kweli, wametoka vitani na wana kiu ya mpira. Msimu wa 1948/49 waliingia viwanjani zaidi ya milioni 41. Zile pesa za mlangoni hazikumfikia mchezaji. Mwaka 1947 mshahara wa juu kabisa ulikuwa pauni 12 kwa wiki msimu ukiendelea, na 10 majira ya joto. Mwaka 1958 ukafika 20. Huo ni ukomo, hata ungekuwa mchezaji bora wa nchi, na klabu nyingi za chini hazikuufikia.

Kibaya zaidi kilikuwa mkataba. Ulikuwa wa mwaka mmoja, na ukiisha klabu inaamua: ikubakize au ikuuze. Ikikubakiza, huendi popote, hata kama huna tena mkataba. Ni Januari 1961, baada ya wachezaji wakiongozwa na Jimmy Hill kutishia kugoma, ndipo ukomo wa mshahara ukafutwa. Kesi ya mchezaji George Eastham dhidi ya klabu ya Newcastle, hukumu ya mwaka 1963, ndiyo iliyolegeza hiyo kamba ya klabu kukubakiza. Leo mkataba wako ukiisha unachukua begi lako unaondoka. Rowley amecheza karibu maisha yake yote bila haki hiyo.

Yupo mwingine nataka umfahamu, kwa sababu unazozijua. Charlie Williams, beki wa kati wa Doncaster Rovers, baba kutoka Barbados, mama Mwingereza wa Yorkshire. Alishuka mgodi wa makaa akiwa na miaka 14, Doncaster wakamsajili mwaka 1948. Mtu mweusi, enzi zile, katikati ya uwanja wa Yorkshire. Hebu fikiria yaliyokuwa yakitoka jukwaani. Alidumu hapo zaidi ya miaka kumi, kisha akawa mchekeshaji na miaka ya sabini nchi nzima ikawa inamtazama kwenye televisheni. Baadhi ya vichekesho vyake vya kuidhihaki rangi yake mwenyewe mimi sivipendi, nakwambia ukweli. Uchezaji wake nauheshimu.

Kwa hiyo usiniambie bao lako la Jumanne si bao. Kipa alikuwepo, beki alikuwepo, wavu umetikisika. Ukitaka kuhama, hama, sikuzuii. Hata Rowley alihama mara tatu. Ila niambie unakwenda kucheza au unakwenda kusugua benchi la klabu yenye jina, maana hilo Jumapili hukunijibu.

Ile karatasi ya wakala nipigie picha kurasa zote, pamoja na zile zenye maandishi madogo. Nataka kuona anachukua asilimia ngapi na anakufunga kwa miaka mingapi. Usisaini kabla sijakupigia. Mama yako anauliza kama pilipili ya kusaga imekwisha. Kama imekwisha, nitakuja nayo Jumamosi kwenye mechi.

Baba yako