Kabla hujanunua rada ya mtumba, acha tuangalie bampa

Jumatatu iliyopita mama mmoja mwenye duka Kikuubo alisimama langoni mwa gereji yetu hapa Ndeeba, Kampala, akasema kwa sauti, wateja wote wasikie: "Hawa wamenitoza shilingi 180,000 kwa kukwangua pati!" Sikubishana naye mbele za watu. Ni kweli tulikwangua pati, ile lami ya kujazia bodi iliyopasuka, na ni kweli hakuna sipea hata moja kwenye risiti yake. Namwelewa pia, maana tumezoea kwamba fundi asiyekurudishia kifaa kibovu kwenye mfuko hajafanya kazi. Lakini hii ni mara ya tatu mwaka huu kuitwa mwizi kwa kazi ileile, basi acha nieleze.

Gari lake ni Toyota Harrier iliyotoka Japani, na maandishi ya dashibodi bado ni ya Kijapani. Taa ya BSM iliwaka ikakataa kuzima. BSM ni ule mfumo unaowasha kitaa kidogo kwenye saiti mira (kioo cha pembeni) pale gari jingine linapokuwa ubavuni mwako, mahali ambapo kioo hakifiki. Wateja wengi wakija na tatizo hili hunionyesha vile vitufe vya mviringo kwenye bampa la nyuma: "Fundi, badilisha hizi." Hapana. Vile ni vya kuegeshea, na vinatumia sauti. Rada za BSM huzioni kwa nje. Ziko mbili, zimefungwa kwa boliti nyuma ya pembe za bampa, kushoto na kulia, na mawimbi yake hupita kwenye plastiki kama mwanga unavyopita kwenye pazia jepesi. Ukitundika blanketi mahali pa pazia, chumba kinakuwa giza.

Blanketi la mama huyu lilikuwa pati. Taksi ilimgonga nyuma, fundi wa bodi akajaza ufa, akapiga msasa, akapuliza rangi. Kwa macho ni kazi safi. Ila pembe ya kulia pati ilikuwa nene kupita milimita 4, na kishikio cha chuma kinachobeba rada kilikuwa kimepinda kwa ndani, hakuna aliyekiangalia. Taa ilipowaka akaambiwa rada imekufa. Akanunua ya mtumba kwa 750,000, ikafungwa, kodi (zile namba za hitilafu zinazowekwa na kompyuta ya gari) zikafutwa, taa ikazima. Kabla hajafika kwake Kyengera ikawaka tena.

Hapo ndipo pesa za watu zinapoteketea. Kufuta kodi ni kuiambia kompyuta isahau. Ikijipima tena na kuona lilelile, inakumbuka. Na rada ya mtumba ina masharti yake: namba ya sipea ilingane na ya gari lako, na upande uwe sahihi. Tumewahi kupokea Mazda CX-5 iliyofungwa rada mbili za upande mmoja, mwenyewe akiwa ameapishwa kwamba zote ziko sawa kwa sababu zimeingia kwenye plagi.

Sasa ile 180,000. Tulianza na mashine ya kupimia kompyuta ya gari, tukasoma kodi zote za gari zima, si za BSM peke yake, kwa sababu betri dhaifu huweza kuwasha taa nyingi ambazo hazina kosa. Kodi iliyobaki ilisema rada ya kulia imeelekea siko. Tukashusha bampa. Tukakwangua pati yote pembeni pale, tukachomelea ufa kwa plastiki ukiwa mbali na njia ya rada, tukanyoosha kishikio, tukapuliza rangi nyepesi. Kisha tukasafisha sakafu, tukaondoa jeki, madebe na kila chuma kilichokuwa nyuma ya gari, tukapima kwa tepu na timazi, tukasimamisha kiakisi cha chuma cha pembe tatu mahali panapotakiwa, na mashine ikathibitisha mwelekeo. Mwelekeo ukikosea hata kwa nyuzi chache za pembe, rada inatazama njia isiyo yako. Hii ni kazi ya siku nzima na vijana wawili.

Na rada tuliyomfungia ni ipi? Ileile ya kwake ya zamani, aliyoambiwa imekufa. Inafanya kazi mpaka leo. Ya 750,000 tulimrudishia kwenye boksi.

Baada ya hapo tunatoka barabarani, na hili nalo limetuletea lawama: "Mbona kilomita zimeongezeka?" Mfumo huu haumalizwi kupimwa gari likiwa limesimama gereji. Tunapanda Expressway ya Entebbe kutoka Busega, tozo tunalipa wenyewe, magari mengine yatupite kushoto na kulia tuone taa zote mbili zikiwaka na kuzima kwa wakati wake. Safari hiyo imo ndani ya bei.

Tatizo jingine linaloongezeka ni la saiti mira. Foleni ya Clock Tower, dirisha liko wazi kidogo, kioo kinachomolewa kabla hujageuka. Kesho yake mtu anakatiwa kioo cha kawaida barabarani kwa pesa kidogo, anafurahi kwamba amekwepa bei ya dukani. Kumbe kwenye magari mengi kile kitaa cha BSM kimo ndani ya kioo chenyewe. Waya unabaki unaning'inia nyuma, kompyuta inatafuta taa haiioni, inafunga mfumo wote. Afande mmoja kutoka Arua alikuja amekwisha kubadilishiwa fyuzi na rada ya kushoto, wakati kilichokosekana kilikuwa kioo chenye plagi. Bei ya kioo kamili inauma, najua, lakini yeye alilipa mara tatu.

Ya matope sitaeleza sana. Ukitoka safari ya maramu (barabara isiyo na lami), osha bampa ndani na nje, hasa pembe. Maji yakiingia kwenye plagi, pini huota kutu ya kijani, nayo tunaisafisha kwa bei ndogo ukiwahi.

Nina moja la uzito. Mfanyabiashara mmoja wa Bunia alizunguka gereji mbili akilalamika kwamba BSM yake haioni bodaboda, na kote alilipa. Gari lake, Toyota, lilikuwa zima. Kitabu cha gari chenyewe kinasema mfumo haukutengenezwa kwa ajili ya pikipiki ndogo, baiskeli wala mtu anayetembea. Tena kwenye Toyota nyingi unaanza kufanya kazi gari likifika kama kilomita 16 kwa saa, kwa hiyo kwenye foleni ya Kibuye utakaa kimya, na si ubovu. Tulimtoza 50,000 ya mashine peke yake, akanung'unika kwamba hatukufanya kitu. Tulimzuia asinunue rada ya tatu. Na wewe unayesoma, usiache kugeuza shingo kwa sababu taa haijawaka. Boda yuko pale kushoto, na nyuma amebeba watoto wawili wa shule.

Kuna wanaoniomba nikate waya ili taa ya dashibodi izime, wapate kuuza gari. Sifanyi. Yule atakayelinunua atadhani analindwa.

Pesa ya mashine haiombewi punguzo. Leseni yake tunailipia kila mwaka kwa dola, na bila kupima tungekuwa tunabahatisha kwa mfuko wako. Ukiamua kutengeneza hapa, inakatwa kwenye hesabu ya mwisho. Mama wa Kikuubo alikatwa hivyo, iko kwenye risiti.

Ukija, njoo asubuhi kabla ya saa mbili, gari likiwa limeoshwa. Utuambie kama bampa limewahi kupigwa rangi hata kama ni mwaka juzi, na kioo kilichovunjika ukija nacho kwenye mfuko usikitupe, nyuma yake kuna namba.