Kamba hawahitaji nusu saa jikoni

Mhariri, naomba nafasi niongee na wapishi wenzangu wa Dar. Jamani, mtu ananunua kamba soko la samaki la Feri asubuhi wakiwa freshi kabisa halafu anawachemsha nusu saa mpaka wanakuwa wagumu, inauma sana! Kamba anaiva dakika 3 au 4 tu. Wamenye, toa ule uzi mweusi wa mgongoni, wakaushe maji, yeyusha siagi moto wa wastani, tia kitunguu swaumu kilichotwangwa na kikianza tu kunukia weka kamba hapohapo maana kikiungua kinakuwa kichungu, geuza mara moja, wakishakuwa pinki wote kamulia ndimu, chumvi kidogo, epua. Na siagi iwe ya maziwa, majarini haitoi ladha hiyo.

Msomaji wenu, Kigamboni, Dar es Salaam