Barua kwa swahibu yangu wa jukwaani

Arua

Swahibu yangu,

Salamu nyingi kwako na kwa mama. Huku sote wazima, jua tu ndilo linatutesa.

Ujumbe wako nimeupata. Eti hupandi tena jukwaani kuchekesha nami, maana watu wanacheka kwa maneno yangu na wewe umesimama tu. Basi kaa kitako nikuhadithie habari za wachekeshaji wawili wa Marekani wa zamani, Bud Abbott na Lou Costello. Jana nimewatazama kwenye simu mpaka data ikakata.

Costello ndiye yule mfupi mnene, mwenye makelele. Abbott ni mrefu, suti safi, hacheki ng'o. Walipoungana mwaka 1936, unadhani fungu kubwa la malipo lilikwenda kwa nani? Kwa Abbott! Sitini kwa arobaini. Wachekeshaji walikuwa tele zama hizo. Aliyeadimika ni mtu wa kumshika mchekeshaji asiteleze nje ya mchezo. Costello alikuwa na tabia ya kuropoka yasiyopangwa, na Abbott ndiye aliyemrudisha njiani. Hebu fikiria kazi hiyo mwaka 1951, walipoingia kwenye televisheni ya moja kwa moja. Ukikosea, umekosea mbele ya nchi nzima. (Sisi huku Uganda hata televisheni hatukuwa nayo, ilikuja 1963.)

Tafuta ule mchezo wao wa timu ya besiboli. Abbott anataja wachezaji: wa kwanza anaitwa Nani, wa pili Nini, wa tatu Sijui. Costello anauliza, "Wa kwanza ni nani?" Anajibiwa, "Ndiyo." "Namuuliza jina lake!" "Nani." Costello anaruka, anatupa kofia, sauti inapasuka. Mwangalie Abbott lakini. Anajibu kama karani anayesoma daftari, wala hajui kosa liko wapi. Angetabasamu mara moja tu, mchezo mzima ungekufa.

Umaarufu ulipokuja, Costello akaligeuza fungu, sitini zikawa zake. Kipindi chao cha televisheni cha 1952 hadi 1954 kikawa mali yake, mwenzake akalipwa mshahara. Hapo ndipo aliponiudhi. Mwaka 1957 wakaachana.

Sasa wewe. Kwenye ile harusi ya mwisho, nilipokuwa nikijigamba kuhusu mahari, ulinitazama ukauliza taratibu, "Na mbuzi yuko wapi?" kisha ukanyamaza. Bwana harusi alimwaga soda kwenye kanzu! Mimi hapo sikuwa nimesema kitu cha kuchekesha bado.

Yule mwenye ukumbi aliyekulipa nusu tu ya alizonilipa mimi simtaki tena. Kuanzia sasa malipo yanapitia kwangu na tunagawana sawa. Ukitaka sitini sema, tutagombana kidogo halafu nitakubali.

Kuna harusi baada ya Idi, na wenyewe wanataka jibu kabla ya Ijumaa. Nipigie jioni, mchana simu iko chaji. Na ile koti nyeusi ipeleke kwa dobi.

Wako,
Mfupi mwenye makelele