Andikeni majina ya watu wa kawaida pia

Kwa Mhariri,

Habari ya kazi. Mimi ni fundi wa viatu hapa soko la Kariokor, nashona akala, vile viatu vya tairi, na sandals za ngozi, na gazeti lenu nalisoma kila siku hata kama ni lile jirani amemaliza nalo. Wiki ya Mashujaa Day mlitoa kurasa za mashujaa nikazisoma zote mpaka mwisho, wanasiasa, majenerali, wakimbiaji wetu, na hao wote wanastahili sikatai. Lakini nilitafuta mtu mmoja tu wa kawaida, mbeba mizigo, mama wa soko, dereva wa matatu, sikumpata.

Hiyo hiyo wiki alikuja mama na kijana wake wa Gredi ya 6 kununua viatu, kijana akauliza kwa nini hapa panaitwa Kariokor, mama akamwambia ni jina tu. Niliweka kisu chini. Nikamwambia kijana, hapana, hilo ni Carrier Corps, kikosi cha wapagazi wa jeshi, wazee walilisikia kwa Mzungu wakalitamka vile ulimi unakubali, huku kwetu likawa Kariokor na kule Dar es Salaam likawa Kariakoo. Vita ya 1914 mpaka 1918 Mwingereza na Mjerumani walipigana huku kwetu, barabara hakuna, punda na ng'ombe wanamalizwa na mbung'o, kwa hivyo risasi, unga, mahema, kila kitu kilipanda kichwani kwa mtu. Kambi ya hao wapagazi ilikuwa huku. 1917 ndio ilizidi, machifu waliambiwa watoe vijana na vijana wakachukuliwa vijijini wengine usiku, wakatembezwa mpaka kusini huko ndani ya nchi ya Mjerumani, Tanzania ya leo. Waliokufa ni makumi ya maelfu, na wengi hata hawakupigwa risasi, ni tumbo, walikuwa wanapewa unga wa mahindi ambao haujaiva wanaendesha damu, halafu malaria na nimonia juu yake.

Baba ya babu yangu alikuwa mmoja wao. Alitoka Machakos, na hiyo ndio habari yote tuko nayo. Kaburi hakuna, karatasi hakuna. Nyumbani mpaka leo mtu akitumwa dukani akakawia, anaporudi anaulizwa kama alikuwa amechukuliwa Kariokor, na watoto wanacheka bila kujua wanacheka nini. Mshahara ulikuwa kama rupia 5 kwa mwezi, na pesa za wengi waliokufa hazikufika kwa jamaa zao, juu mtu aliandikwa ovyo, jina limekosewa, kijiji kimekosewa, sasa nani atakuja kudai? Pale Kenyatta Avenue kuna sanamu tatu za shaba za hiyo vita, na mmoja wao ni mpagazi, wameandika hapo chini kwamba wapagazi ndio walikuwa miguu na mikono ya jeshi. Maneno mazuri. Lakini miguu na mikono haina jina, mhariri, na mimi kila nikipita pale naangalia uso wa yule mpagazi najiuliza kama mzee wetu alifanana hivyo.

Hao walilazimishwa na sitaki mtu aniambie huo ulikuwa mchango, mchango ni kile unatoa mwenyewe. Wako waliotoa wenyewe na bado tumewasahau.

Hapa sokoni tulikuwa na cucu, yaani nyanya, mmoja wa upande wa viondo, alifariki 2019. Miaka mingi tulimjua kama mama mkimya wa kusuka, mpaka siku moja nilimuona anamfundisha msichana kuweka tako la kiondo, akamwambia lishone mara mbili, likiwa moja risasi zinaonekana. Tulinyamaza wote. Ndio akatuambia polepole, kwamba 1953 alikuwa msichana mdogo huko karibu na msitu wa Nyandarua, na kazi yake ilikuwa kupeleka viazi, chini ya viazi kuna tako la pili, na chini ya hilo tako kuna risasi za watu wa msituni, wapiganaji wa Mau Mau. Alipita kwa homgadi, walinzi wa upande wa Mwingereza, mara nyingi na hicho kiondo mgongoni, kamba iko kichwani. Hakuwa na bunduki hata siku moja. Nikamuuliza kwa nini hakusema miaka yote hiyo akanijibu angemwambia nani, na ukweli ni kwamba Mau Mau ilibaki imepigwa marufuku kwa sheria mpaka 2003, miaka 40 tumejitawala! Halafu 2013 Mwingereza alipokubali kulipa, walilipwa watu 5,228, na hao walilipwa kwa mateso waliyofanyiwa. Aliyebeba viazi akafika salama hakuwa na kovu la kuonyesha wakili. Amezikwa na hayo mambo yake, mimi nilikumbuka tako la kiondo tu na mengine sikuandika, na hilo linaniuma sana.

Wacha niseme pia yale niliyaona na macho yangu. 1998 nilikuwa nasukuma mkokoteni pale soko la Marikiti, kijana tu, tulikuwa wawili kwa mkokoteni mmoja wa kukodi, mwenzangu anashika mbele mimi nyuma. Ijumaa tarehe 7 Agosti, saa nne na nusu hivi ya asubuhi, tulikuwa tunapakua vitunguu tukasikia mlio wa kwanza, mdogo, halafu ule mwingine ambao hata sasa siwezi kuueleza. Ubalozi wa Marekani ulikuwa hapo hapo kwa kona ya Moi Avenue na Haile Selassie, si mbali na sisi. Ule mlio wa kwanza ndio uliwaponza watu wengi, walikimbilia madirisha kuangalia kuna nini, na wa pili ukawakuta na uso kwa kioo, ndio maana wengi walipoteza macho. Mwenzangu hakuniuliza kitu. Alipindua mkokoteni vitunguu vikamwagika vyote barabarani, mali ya mtu, akasema twende. Tulifika kukiwa na moshi na karatasi zinaanguka kama mvua, jengo la jirani, Ufundi House, limelala chini, na watu tayari wanatoa mawe na mikono. Hakuna aliyekuwa amewatuma. Tulibeba watu mpaka kwa matatu zilizosimama barabarani, makanga wanapiga kelele Kenyatta, Kenyatta, yaani hospitali, na siku hiyo hakuna aliyeitishwa nauli. Akina mama wa Marikiti walikuja wanapasua leso wanafunga watu vichwa. Nakumbuka mzee wa suti tuliyembeba, viatu vyake kimoja hakipo, alikuwa ananiuliza kama nimeona briefcase yake na mimi namwambia iko, iko, tulia mzee.

Tulifanya hiyo kazi mpaka giza. Watu 213 walikufa hapa Nairobi, walioumia ni maelfu. Jioni mwenye mkokoteni alituangalia, mbao zote ni damu, na hakutuomba pesa ya siku.

Hayo ya majuzi wengi mnayakumbuka. 2011 njaa ya Turkana na kaskazini, Kenyans for Kenya, watu walituma hata shilingi 10 kwa M-Pesa, walitafuta milioni 500 na zikapita. Kwa safu yetu ya viatu tulichangishana na kofia. 2013 siku magaidi walivamia maduka ya Westgate nilipanga laini Uhuru Park kutoa damu, nikaambiwa dawa ya malaria niliyokuwa nakunywa hainiruhusu, basi nikabaki hapo nabeba maji ya kunywa ya wale walio kwa laini. Nyuma yangu kulikuwa na Muhindi mzee na kijana wa boda na wanafunzi wa chuo, tumepigwa jua pamoja.

Sasa ombi langu, na nimelifikiria sana. Ile Katiba ya 2010 ilitoa jina la Kenyatta Day ikaweka Mashujaa Day kwa sababu mashujaa ni wengi. Basi nyinyi mkitoa kurasa za Oktoba mtuachie sisi wasomaji hata nusu ukurasa. Mtu aandike: mama yangu alipika chai ya waokoaji siku fulani, mzee wetu alikuwa mpagazi, kijiji hiki, jina hili. Msirekebishe kitu, wekeni jina na mahali na alichofanya. Na kama mna ripota kijana mwenye miguu, mtumeni hapa Kariokor na kwa wazee wa soko la Burma, wengine baba zao ndio walipelekwa hiyo Burma vita ya pili, wana stori, lakini hawaendi ofisini kwa mtu kuzitoa. Chai nitanunua mimi.

Mimi nitaanza na aibu yangu. Yule mwenzangu wa mkokoteni, tulifanya kazi naye karibu miaka mitatu, tunakula pamoja, na mpaka leo jina lake halisi silijui, tulimuita tu jina la utani la sokoni. Aliondoka Marikiti mwaka uliofuata akasema anaenda kwao magharibi kulima. Ni mrefu, anachechemea kidogo mguu wa kushoto kwa sababu siku ile jiwe la Ufundi House lilimwangukia na hakwenda hospitali, alisema vitanda ni vya wale wengine. Kama yuko hai na anasoma hii, au mtoto wake anasoma, nitafute Kariokor, upande wa viatu, uliza fundi wa akala mwenye radio nyekundu. Nataka kujua unaitwa nani.

Fundi wa akala,
Kariokor, Nairobi