Fundi yuko kwenye bomba, sahihi ziko mbali

Ndugu Mhariri,

Mradi wa maji wa kijijini ukikwama, lawama huangukia pampu, mkandarasi au wananchi wanaodaiwa kuwa hawataki kulipia. Naomba nafasi katika gazeti lako nizungumzie jambo lisilotajwa sana: nani ana ruhusa ya kuamua nini, na anakaa umbali gani na bomba lililopasuka.

Kwa ngazi za juu, Sheria ya Huduma za Maji na Usafi wa Mazingira Na. 5 ya mwaka 2019 iliondoa kasoro kubwa. Kabla yake mhandisi wa maji wa wilaya aliwajibika kwa mkurugenzi wa halmashauri, chini ya TAMISEMI, ofisi inayosimamia tawala za mikoa na serikali za mitaa, huku miongozo ya kitaalamu na fedha nyingi za miradi zikitoka Wizara ya Maji. Mtumishi mmoja, mabwana wawili. RUWASA, Wakala wa Maji na Usafi wa Mazingira Vijijini ulioundwa na sheria hiyo, ikawaweka wahandisi hao kwenye mstari mmoja, kuanzia wilaya, mkoa hadi makao makuu. Kwa wananchi kuna vyombo vya watoa huduma ya maji ngazi ya jamii, CBWSO, na vingi sasa vinahudumia vijiji kadhaa kwa pamoja. Hilo ni jema, maana kijiji chenye vilula (vituo vya kuchotea maji) vitano hakimudu mshahara wa fundi na mhasibu. Vijiji sita vikiungana vinamudu.

Tatizo ni kwamba vijiji vinapounganishwa, sahihi za kutoa fedha nazo huhamia mbali. Hebu tupige hesabu. Uvujaji unaojaza ndoo ya lita 20 kila dakika hupoteza lita 28,800 kwa siku, karibu uniti 29 (uniti moja ni lita 1,000). Ndoo ikiuzwa shilingi 20, hizo ni shilingi 28,800 kila siku inayopita. Watia sahihi wakichukua siku tisa kukutana, shilingi 259,200 zimeshamwagika ardhini kwa kukosa kiungio cha bomba ambacho duka la vifaa la mjini hukiuza kwa sehemu ndogo tu ya fedha hiyo. Na bomba lililopasuka halipotezi maji peke yake. Presha ikishuka, maji machafu yaliyotuama kuzunguka ufa huvutwa ndani.

Pendekezo langu ni kila chombo kiandike vikomo vya matumizi na kuvibandika ofisini. Kwa mfano, fundi atumie hadi shilingi 50,000 bila kumuuliza mtu, risiti iwasilishwe ndani ya siku tatu. Meneja wa chombo aidhinishe hadi shilingi 500,000. Kinachozidi hapo ndicho kiende kwenye kamati. Pia stoo isikose koki, valvu za geti, viungio vya kila kipenyo kilichotumika kwenye mradi, na mita mbili za akiba. Orodha hiyo aiandike fundi, si mhasibu.

Najua wasiwasi uliopo: fedha zitaibwa. Sahihi tatu hazizuii wizi ikiwa hakuna anayepima maji. Kinachozuia ni mita mama kwenye tangi, isomwe siku ile ile na mita za vilula, kila wiki. Tangi likitoa uniti 600 na vilula vikaonyesha jumla ya 420, uniti 180 zimepotea, yaani asilimia 30. Hapo kuna uvujaji, mita mbovu au wizi, na kwa kufunga valvu za matawi moja baada ya nyingine usiku, wakati watu hawachoti, utajua tatizo liko tawi gani. Hesabu hizo zisomwe kwenye mkutano mkuu wa kijiji, lita kwanza, shilingi baadaye.

Kuna hasara nyingine, ya maarifa yasiyopanda juu. Pampu za dizeli zinapobadilishwa kuwa za umeme wa jua, mafuta huokolewa, lakini dizeli iliweza kuwashwa saa 10 alfajiri. Jua huwa na nguvu ya kutosha kuanzia saa 3 asubuhi hivi hadi alasiri. Foleni kubwa ya akina mama ipo saa 12, jua halijapanda, kwa hiyo tangi lazima libebe maji ya jioni na ya asubuhi yote. Tangi la zamani likiachwa vile vile, linakauka kabla ya foleni kuisha, na watu wanarudi kisimani wakisema sola haifai. Mhudumu wa kilula anaijua foleni hiyo kwa saa na kwa idadi ya ndoo, lakini haitwi kwenye kikao cha usanifu.

Mameneja wa RUWASA wa wilaya wanaweza kuanza na hilo bila kusubiri bajeti. Kabla ya kusaini mchoro wa mradi wowote wa kubadilisha pampu, wadai karatasi moja yenye hesabu ya ndoo kwa kila saa, siku saba mfululizo, iliyojazwa na wahudumu wa vilula wenyewe.

Mdau wa maji vijijini,
Dodoma